Bakteria Mbuai: Nani Huua, Nani Hula, na kwa Nini Majina Hupotosha

Mwaka 1962 mtafiti Mjerumani Heinz Stolp alikuwa Berlin akitafuta virusi ndani ya udongo. Alivitaka vile vinavyoua bakteria, yaani bakteriofaji, na hasa vinavyowaua bakteria wa jenasi ya Pseudomonas wanaoshambulia mimea. Njia yenyewe ilikuwa ya siku nyingi. Udongo unachanganywa na maji, maji yanachujwa, kisha yanamwagwa juu ya sahani ya maabara ambayo bakteria wameota hadi kuwa utando mmoja mzito. Penye faji, utando huo hutoboka, na vidoa angavu hujitokeza, mara nyingi ndani ya siku moja.

Baadhi ya sahani zake hazikuonyesha kitu siku ya kwanza. Mtu mwenye haraka angezitupa. Stolp aliziacha, na siku ya pili na ya tatu vidoa vikaanza kuonekana. Tena vikaendelea kupanuka, jambo lisilo la kawaida, kwa sababu kidoa cha faji huacha kukua pale bakteria wanapoacha kuzaana. Alipotazama kwa hadubini hakuona dalili ya virusi. Aliona bakteria wadogo mno, waliopinda kidogo, wakienda mbio na kuwagonga bakteria wenzao kwa kishindo, kisha kuwang'ang'ania.

Mwaka uliofuata yeye na Mortimer Starr wa Chuo Kikuu cha California walimpa kiumbe huyu jina la kisayansi, Bdellovibrio bacteriovorus. Neno la kwanza limeunganishwa kutoka kwa Kigiriki bdella, ruba, na vibrio, jina wanaloitwa bakteria waliopinda. La pili ni la Kilatini na maana yake ni mla bakteria. Lakini kinachovutia zaidi ni kichwa cha makala yao ya mwaka 1963, ambacho kilimpachika sifa tatu kwa mpigo: mbuai, kimelea cha nje, na mwenye kuyeyusha bakteria. Sifa tatu kwa kiumbe mmoja, na kila moja inadai jambo tofauti. Mojawapo ilikuja kuonekana kuwa si kweli. Nyingine mbili bado zinawachanganya wasomaji hadi leo, na wakati mwingine hata wanaoandika.

Mbuai ni kiumbe anayemuua mwingine ili amle. Simba ni mbuai, kipanga ni mbuai. Kimelea ni mambo mengine. Yeye huishi juu ya mwenyeji wake au ndani yake, hula kwa gharama yake, na kwa kawaida humhitaji mwenyeji awe hai, kwa kuwa mwenyeji akifa mapema riziki imekatika. Mla mizoga hula kilichokufa bila yeye kukiua. Kati ya mbuai na kimelea kuna kundi la katikati ambalo wanaikolojia huliita parasitoidi, na mfano wake maarufu ni wale nyigu wanaotaga mayai ndani ya kiwavi. Buu la nyigu hukua ndani ya kiwavi aliye hai, likimla taratibu, na mwishoni kiwavi hufa bila shaka yoyote. Kimelea wa kawaida huenda asimuue mwenyeji wake kamwe. Huyu lazima amuue, ila huchelewesha kifo hadi ashibe.

Kwa Kiswahili tunaongeza mkanganyiko wetu wenyewe. Magazeti na matangazo ya afya huita kila kijidudu kinacholeta ugonjwa "kimelea", awe bakteria, virusi au protozoa. Matumizi hayo yamezoeleka na hayana madhara kwenye bango la kunawa mikono. Kwenye mada hii yana madhara, kwa hiyo katika makala haya kimelea ni kimelea kwa maana finyu ya ikolojia.

Vipi basi kuhusu "kula", kwa kiumbe asiye na mdomo wala tumbo? Bakteria wengi hula kwa kunyonya molekuli ndogo kupitia utando wa seli. Protini nzima haipiti, wala kipande cha ukuta wa seli hakipiti. Lazima vikatwekatwe kwanza nje ya seli kwa vimeng'enya, ndipo vipande viingie. Kwa hiyo bakteria anapomla bakteria mwenzake, swali ni kama molekuli za aliyekufa zinaishia kuwa mwili wa aliyeua, au kuchomwa ili zimpe nguvu. Bila hatua hiyo, kilichotokea ni mauaji tu.

Sasa turudi kwa Bdellovibrio na tumtazame kazini, kwa sababu undani wa maisha yake ndio unaoamua jina lipi limfae.

Akiwa kwenye msako ni kijiti kilichopinda chenye urefu wa takriban mikromita moja, na mkia mmoja unaozunguka nyuma yake. Anaweza kuogelea mikromita 160 kwa sekunde, yaani zaidi ya mara 100 ya urefu wa mwili wake kila sekunde. Escherichia coli, bakteria wa utumbo ambaye maabara nyingi humtumia kama windo lake, huenda mikromita 20 hadi 30 kwa sekunde. Kasi hiyo ina gharama. Katika hatua hii Bdellovibrio hali chochote na hagawanyiki, ila anaunguza akiba tu, na akikosa windo kwa muda mrefu hufa njaa. Hana uwezo mkubwa wa kunusa windo mmoja mmoja kutoka mbali. Kwa kiasi kikubwa anategemea kugongana.

Baada ya kugongana hushika kwanza kwa muda, kama anayepima. Akikuta si windo linalofaa huachia na kuondoka. Likifaa, mshiko unakuwa wa kudumu, na hapo hutoboa tundu dogo kwenye utando wa nje wa windo, hujipenyeza, kisha huliziba tundu nyuma yake. Bakteria wa aina anayowawinda, wale wanaoitwa Gramu hasi, wana tando mbili na ukuta mwembamba katikati. Bdellovibrio huishia katika nafasi iliyo kati ya tando hizo mbili. Haingii sehemu ya ndani kabisa ya seli, iliyo nyuma ya utando wa pili. Hapo ndipo sifa ya "kimelea cha nje" ilipoanguka. Stolp na Starr walikuwa wameona mshiko wa nje, na hadubini za elektroni baadaye zikaonyesha kwamba mshiko huo ni mlango tu. Ruba hunyonya kutoka nje na kuondoka akimwacha mwenyeji hai, ilhali kiumbe huyu huingia ndani na kumwacha mwenyeji akiwa ganda tupu. Jina lake la kwanza, kwa hakika, linamsingizia.

Mara tu anapoingia, umbo la windo hubadilika kutoka kijiti na kuwa duara. Kwa muda mrefu hili lilionekana kuwa dalili tu ya kuumizwa. Utafiti uliochapishwa mwaka 2012 ulionyesha kwamba ni kazi ya makusudi. Bdellovibrio hutoa vimeng'enya viwili vinavyokata viungo fulani vya ukuta wa windo, ukuta unalegea na kuwa mviringo, na seli iliyokwisha kuwa mviringo si rahisi kuingiliwa na mbuai wa pili. Seli moja ni chakula cha mmoja, na wanaotoka humo ni watoto wake tu. Bdellovibrio waliotengenezwa kimaabara wakakosa vimeng'enya hivyo walionekana wakiingia wawili wawili katika windo moja.

Kuna ufundi mwingine unaostahili kutajwa. Ukuta wa seli wa windo na ukuta wa mbuai mwenyewe vimejengwa kwa malighafi ileile, peptidoglikani. Atautoboaje ukuta wa windo wakati wa kutoka bila kujitoboa yeye? Jibu ni kwamba akiwa ndani huuwekea ukuta wa windo alama ya kikemia kwa kuondoa vikundi fulani kwenye sukari zake. Mwishoni hutoa kimeng'enya kinachokata peptidoglikani yenye alama hiyo peke yake. Ukuta wake, usio na alama, unabaki salama.

Kati ya kuingia na kutoka hupita saa tatu hadi nne kama windo ni E. coli. Windo huacha kupumua mapema, ndani ya nusu saa hivi. Kuanzia hapo Bdellovibrio humimina vimeng'enya, humeng'enya protini, mafuta na asidi nukleiki, na kuzitumia kujijenga. Hagawanyiki mara mbili mbili kama bakteria wengi. Hurefuka kuwa uzi mmoja uliojikunja ndani ya ganda, na chakula kinapokwisha uzi hujikata wote kwa pamoja kuwa seli tatu, nne, tano au sita, idadi shufwa au witiri kulingana na ukubwa wa mlo. Kila seli huota mkia, ganda hupasuka, na msako unaanza upya.

Je, ni kimelea, ni mfano wa yule nyigu, au ni mbuai? Anaishi ndani ya mwingine, kama kimelea. Anautumia mwili wa mwathirika mmoja kama chumba cha kulelea watoto, kama nyigu. Lakini nyigu humweka kiwavi hai kwa makusudi, na kimelea hutegemea mwenyeji aendelee kufanya kazi. Bdellovibrio huua mwanzoni na kula baadaye, na anachokihitaji kwa windo ni nyama na ganda, si uhai wake.

Jenomu yake, yaani DNA yake yote, nayo inashuhudia upande huo. Vimelea wanaoishi ndani ya seli za wengine huwa wanapoteza jeni kizazi baada ya kizazi, kwa kuwa mwenyeji huwafanyia kazi nyingi. Mycoplasma genitalium ana herufi za DNA zipatazo 580,000 tu, na Rickettsia wanaosababisha homa ya madoadoa na typhus wana kama milioni moja na kidogo. Jenomu ya Bdellovibrio bacteriovorus ilipochapishwa mwaka 2004 ilikutwa na herufi karibu milioni 3.8 na jeni zipatazo 3,500, nyingi kwa kiumbe mdogo kiasi hicho, zikiwa na hazina kubwa ya vimeng'enya vya kuvunjavunja. Kweli hawezi kujitengenezea baadhi ya asidi amino na huzichukua kwa windo, lakini hata sisi binadamu tuko hivyo, na hakuna anayetuita vimelea vya kuku. Kwa maoni yangu neno "mbuai" ndilo lililoshinda kwa haki, na katika maandishi ya leo ndilo linalotumika.

Bakteriofaji ndipo mkanganyiko unapokolea, kwa sababu jina lake ndilo linalosema wazi zaidi kwamba hula. Frederick Twort wa Uingereza alieleza mwaka 1915 kuhusu kitu kilichokuwa kikiyeyusha bakteria. Mwaka 1917 Félix d'Hérelle, akifanya kazi Paris, alieleza jambo hilohilo kwa upana zaidi na kulipa jina, akilichukua neno la Kigiriki la kula. Mla bakteria, tena. Kwa hiyo tuna viumbe wawili walioitwa wala bakteria, mmoja kwa Kigiriki na mwingine kwa Kilatini, na mmoja wao hali chochote.

Faji haina vimeng'enya vya kumeng'enyea chakula chake wala mahali pa kukichomea, na haikui. Ni kipande cha DNA au RNA ndani ya ganda la protini. Inapoingiza jeni zake ndani ya bakteria, mitambo ya bakteria yenyewe ndiyo inayofyatua faji mpya. Faji T4, inayoshambulia E. coli, huchukua karibu nusu saa kuzalisha nakala mia moja na zaidi, kisha seli hupasuka. Hapo mwenyeji lazima awe hai na mitambo yake iwe inazunguka hadi dakika za mwisho. Ukitaka kufananisha, faji ya aina hii inasimama karibu na yule nyigu kuliko ilivyo karibu na simba. Na ziko faji za aina nyingine, zinazoweza kujibanza ndani ya DNA ya bakteria na kurithishwa vizazi vingi bila kuua, mpaka mambo yabadilike. Hizo, wakati zimejibanza, haziwezi kuitwa mbuai kwa kipimo chochote.

Hata hivyo utakuta wanaikolojia wa bahari wakiziandika faji kama mbuai wa bakteria, na hawajakosea katika wanachokifanya. Wao wanahesabu. Kwenye hesabu za idadi, zile zilizoanzishwa na Alfred Lotka na Vito Volterra katika miaka ya 1920, kinachotakiwa ni kwamba kundi moja likiongezeka lingine hupungua, kisha zamu inageuka. Nani alimeng'enya nini si sehemu ya mlinganyo. Na katika hesabu hizo faji ni wazito. Makadirio yanayonukuliwa sana husema virusi huua karibu sehemu moja kwa tano ya uzito wa vijiumbe vya baharini kila siku. Ila matokeo ya vifo hivyo ndiyo yanayofichua tofauti. Bakteria anayeliwa na mbuai hupanda ngazi ya chakula, kwa sababu mwili wake unakuwa mwili wa mbuai, naye huenda akaliwa na mkubwa zaidi. Bakteria anayepasuliwa na faji humwagika majini na kurudi kuwa chakula cha bakteria wengine. Kaboni moja inapanda, nyingine inazunguka palepale chini. Msomaji akikuta neno "mbuai" katika makala ya ikolojia ya bahari, afadhali aangalie ni kaboni ipi inayozungumzwa.

Upande wa pili wa kosa ni kuwaita mbuai wote wanaoua. Vibrio cholerae, bakteria wa kipindupindu, ana chombo kama mkuki uliobanwa kwa springi ndani ya seli. Akigusana na jirani asiye wa ukoo wake huufyatua na kumdunga sumu. Jirani hufa. Faida kubwa ya kitendo hicho ni nafasi, na huenda pia DNA ya marehemu, ambayo V. cholerae anajua kuiokota na kuitumia. Wanabiolojia wengi huliita jambo hili ushindani, kama ilivyo kwa bakteria wa udongo, Streptomyces, wanaotoa antibiotiki. Mpaka wenyewe hauko wazi kabisa, maana aliyeua jirani na kisha akanyonya yaliyomwagika amekula, hata kama hakuua kwa njaa. Njia moja ya kuupima ni kuangalia kama idadi ya muuaji inaongezeka anapowekwa na windo peke yake, bila chakula kingine. Asipoongezeka, kumwita mbuai ni kumkweza.

Kipimo hicho Myxococcus xanthus anakifaulu, ingawa kwa mtindo ulio mbali na wa Bdellovibrio. Huyu hana mkia wa kuogelea. Huteleza juu ya udongo na majani yaliyooza, maelfu kwa pamoja, na hawaingii ndani ya windo. Wakikuta kundi la bakteria wengine hupita kati yao na kuwayeyusha kutoka nje, wakinyonya kinachomwagika. Kwa miongo mingi walifananishwa na kundi la mbwa mwitu: wengi wanamimina antibiotiki na vimeng'enya, kiasi cha sumu kinapanda, windo linashindwa. Ni taswira tamu na ndiyo maana imedumu, lakini tafiti za miaka ya karibuni zimeipunguza nguvu. Seli moja ya Myxococcus inaweza kuua kwa kumgusa windo, ikitumia mtambo wa protini ulioko kwenye uso wake. Huenda wingi unasaidia zaidi katika kula kuliko katika kuua. Mawindo yake ni mengi, wakiwemo bakteria wa Gramu chanya, wale wasio na utando wa nje, ambao Bdellovibrio kwa kawaida hawawezi, na hata fangasi na hamira.

Tofauti nyingine kati ya wawili hao ndiyo inayojitokeza mara nyingi zaidi katika maandishi. Bdellovibrio ni mbuai wa lazima: porini, bila windo hazai. Myxococcus ni mbuai wa hiari. Anaweza kuishi kwa protini zilizooza, akawinda windo likipatikana, na njaa ikizidi wote hukusanyana na kujenga kichuguu kidogo kilichojaa mbegu zinazosubiri siku bora. Lysobacter na Herpetosiphon, bakteria wengine wanaowinda, nao huwekwa kwenye kapu la hiari. Lakini hata mpaka wa "lazima" una matundu. Maabara zimepata aina za Bdellovibrio zilizobadilika kijeni kiasi cha kukua kwenye mchuzi wenye virutubisho vingi bila windo lolote. Zinakua kwa uvivu, na nyingi bado zinaweza kuwinda. Kwa hiyo "lazima" ni neno linaloeleza maisha ya kiumbe katika mazingira yake. Halielezi kila kinachowezekana ndani ya chupa.

Wapo pia wanaoshikilia nje na kubaki nje, na hao ndio wangestahili jina la ruba. Micavibrio hujibandika kwenye utando wa windo na kulinyonya hadi likauke, kisha hugawanyika mara mbili kama kawaida. Bdellovibrio exovorus, ndugu wa karibu wa yule wa Stolp, hufanya vivyo hivyo kwa bakteria wa majini aitwaye Caulobacter. Vampirococcus, aliyeelezwa miaka ya 1980 kutoka maziwa ya Hispania, hunyonya bakteria wakubwa wa rangi ya zambarau waitwao Chromatium. Maana yake ni kwamba mtindo wa kuwinda umebuniwa mara nyingi katika koo zilizo mbali, na neno "mbuai" halisemi lolote kuhusu undugu. Myxococcus na Bdellovibrio waliwekwa zamani katika tabaka moja, lakini katika mpangilio wa sasa kila mmoja ana faila, yaani kundi kuu, lake, Myxococcota na Bdellovibrionota. Kwa sababu hiyohiyo vifupisho kama BALO, vinavyomaanisha Bdellovibrio na walio mfano wake, hukusanya viumbe kwa tabia, na Micavibrio amewahi kuhesabiwa humo ingawa ukoo wake ni mwingine.

Ukiacha bakteria na kusema "vijiumbe mbuai" kwa ujumla, mlango unafunguka kwa umati mkubwa zaidi, ambao kwa kweli ndio wala bakteria wakuu duniani. Hao ni protozoa: amiba, viflajelata wadogo wa majini, na wale wenye vijinywele. Wanameza. Bakteria mzima huzungushiwa utando, huvutwa ndani ya seli na kumeng'enywa humo. Dictyostelium, amiba wa udongo, huwafuata bakteria kwa kuhisi folati wanayoitoa. Makala ya Farooq Azam na wenzake ya mwaka 1983 ilionyesha jinsi viflajelata wanaokula bakteria wanavyorudisha kaboni iliyoyeyuka baharini kwenye mnyororo wa chakula, na tangu hapo hakuna anayeweza kueleza bahari bila wao. Wao kwa kawaida huitwa walabakteria. "Bakteria mbuai" hutengwa kwa bakteria anayewinda, na ukichanganya mawili haya unakuwa umegeuza nani anakula na nani analiwa.

Kumeza kulidhaniwa kuwa kazi ya seli zenye kiini peke yake. Mwaka 2019 watafiti wa Japani walieleza bakteria kutoka maji ya bahari ya Palau, wa kundi la Planctomycetes, anayebadilisha umbo lake na kumeza bakteria wengine wazima, hata seli ndogo zenye kiini. Walimpa jina la Uab, jitu la simulizi za Palau. Kwake ugumu wa kuchagua neno haupo kabisa.

Suala la majina linatoka vitabuni na kuingia hospitalini pale watu wanapozungumzia kutumia vijiumbe hivi badala ya antibiotiki. Tiba ya faji ina historia ndefu. Taasisi ya Eliava huko Tbilisi, Georgia, ilianzishwa mwaka 1923 na bado inaifanya. Tiba ya bakteria mbuai ni wazo changa na halijaidhinishwa kwa wagonjwa. Habari fupi za mtandaoni huzichanganya mbili hizi kana kwamba ni dawa moja, ilhali zinapishana karibu kila mahali. Faji huchagua sana, aghalabu aina chache za spishi moja, na bakteria anaweza kuikwepa kwa kubadilisha kishikizo kimoja juu ya utando. Bdellovibrio hula Gramu hasi wengi wa aina mbalimbali, wakiwemo wengi waliokwisha kuwa sugu kwa dawa, na hadi sasa hajaonekana windo anayemshinda moja kwa moja kwa mabadiliko mepesi ya jeni. Wanaosalia baada ya shambulio huwa wagumu kuliwa kwa muda tu, na wakioteshwa upya wanaliwa kama kawaida. Kwa upande mwingine, baadhi ya bakteria wana tabaka la protini juu ya utando linalomzuia kabisa, na Staphylococcus pamoja na Gramu chanya wengine wako nje ya menyu yake ya kawaida.

Na kuna kikomo kinachotokana na ubuai wenyewe. Kwa kuwa anategemea kugongana, kadiri windo linavyopungua ndivyo safari baina ya milo inavyorefuka, hadi mbuai anakufa njaa kabla ya kulifikia la mwisho. Hali hiyo inaonekana ndani ya chupa za maabara: idadi ya windo huporomoka sana, kisha hubaki masalia. Antibiotiki haishikwi na njaa. Mbuai anashikwa nayo, kwa hiyo masalia yanahitaji mtu mwingine wa kuyamaliza. Mwaka 2016 watafiti wa Imperial College London na Chuo Kikuu cha Nottingham waliwaambukiza samaki wachanga wa aina ya pundamilia bakteria wa Shigella sugu kwa dawa, kisha wakawadunga Bdellovibrio. Samaki wengi zaidi waliishi kuliko wale ambao hawakudungwa, na nafuu kubwa zaidi ilipatikana pale mbuai na chembe nyeupe za damu za samaki walipofanya kazi pamoja. Baada ya hapo chembe hizo zikammeza Bdellovibrio naye.